Sisi Tusio na Ujuzi

Jumatatu, 4 Machi

Mvua ya kwanza imenyesha leo na bati la kiwandani limeanza kelele zake. Daftari hili nimeliokota kwenye pipa la taka la chumba cha ukaguzi. Mbele yameandikwa mashati yenye kasoro ya mwaka juzi, nyuma kurasa ni tupu. Mume wangu ameniuliza mtu wa umri wangu anaandika shajara ya nini. Nimemwambia naandika maovu yake, na tangu hapo ana adabu ya ajabu.

Naandika kwa sababu leo kuna jambo limetokea ambalo sikulielewa, nami jambo nisilolielewa hunikaa kooni. Msimamizi wetu ameingia na mtu mwenye kamera. Msimamizi tunamwita Filimbi, kwa ile filimbi ya shingoni ambayo huipuliza hata mtu akiinuka kwenda chooni. Leo hakuipuliza. Alikuwa anatabasamu. Alikuja mpaka kwenye cherehani yangu, namba kumi na saba, akasema, "Dada wa kola, wenye oda wa ng'ambo wameipenda kazi yako. Wanataka kukupiga picha za mikono."

"Mikono tu?" nikamuuliza. "Uso je?"

"Mikono tu."

Nyuma yangu anakaa wifi yangu, dada wa mume wangu, anayeshona mifuko. Akadakia, "Afadhali. Uso ungewaharibia soko."

Laini yote ya tatu ikacheka, watu thelathini na wawili. Nami nimecheka, lakini sijapenda.

Jumatano, 6 Machi

Nimepigwa picha za video tangu asubuhi hadi saa sita. Nakiri kwamba nimejisikia mtu mkubwa.

Mpiga picha ni mtu mzima, ana upara, na ana subira. Aliiweka kamera upande wangu wa kushoto, karibu na sindano. Nikamshonea kola ishirini kama nizishonavyo kila siku: kipande cha juu, kipande cha chini, kitambaa kigumu katikati, uzi mfupi kwenye kona ili ncha ivutike itoke kali. Kabla ya kila kola nagonga kibati cha chini ya sindano mara mbili kwa mkasi. Kidole kidogo cha mkono wa kushoto nakiinua juu muda wote. Hakuniuliza kwa nini, nami sikumwambia. Kibati cha kumi na saba kimelegea miaka sita sasa na fundi mitambo kila siku anakuja kesho, ndiyo maana nakigonga. Kidole nacho kilipitiwa na sindano mwaka wangu wa tatu kazini, na tangu hapo hakikunjiki. Sikiinui kwa madaha, kimebaki hivyo tu.

Baada yangu akapigwa picha wifi. Alikuwa amejipaka mafuta hadi kwenye viwiko. Huyu mwanamke akiona kamera, au bosi, hujisahau. Ndiye anayempelekea Filimbi chai kila saa nne bila kutumwa. Nimeishi naye kama ndugu miaka kumi na tano na bado akimchekea Filimbi najisikia kumfinya.

Alhamisi, 7 Machi

Mvua. Kola mia tatu na kumi.

Ijumaa, 15 Machi

Leo limeletwa boksi la lebo, zile za kushonwa ndani ya shingo. Wifi kalifungua kwa sababu lilikuwa karibu naye, na yeye hawezi kuona kitu kimefungwa akakiacha. Akashika lebo moja, akaigeuza, akanyamaza. Wifi kunyamaza ni jambo la kuandikwa.

Lebo ilikuwa ya shati letu lilelile, namba ileile ya mtindo. Ila palipo na jina la nchi lilipotengenezwa, halikuwa jina la nchi yetu.

Ikapita mkono kwa mkono. Mpiga pasi akasema labda wamekosea kuchapa. Mimi nikasema mtu hukosea herufi, hakosei nchi. Filimbi akaja mbio, akatunyang'anya boksi, akalikumbatia hadi ofisini kama mtu aliyeibiwa mtoto akampata. Jioni alitueleza kwamba ni kosa la mtambo wa kuchapa.

Jumatatu, 25 Machi

Wametutangazia leo. Laini ya tatu inafungwa mwisho wa Mei. Oda ya mashati imepata kiwanda kingine ng'ambo, ambako wanashona kwa bei ya chini kuliko sisi, kama sisi tulivyoshona kwa bei ya chini kuliko wale waliokuwa wakishona kabla yetu. Hili la mwisho halikusemwa na ofisi. Nimelisema mimi, kwa sauti, na Filimbi akapuliza filimbi.

Kwa hiyo mikono yangu ilipigwa picha ili wenzetu wafundishwe. Nilijivuna kama bibi harusi kumbe nilikuwa nachimba kaburi langu mwenyewe. Nina hasira hadi peni inachana karatasi.

Na nawachukia hao walioko huko. Najua hawajanikosea. Nawachukia hivyohivyo.

Jumanne, 2 Aprili

Leo ni barua. Tuliitwa mmoja mmoja kwa yule mama wa ofisi ya wafanyakazi, tunayemwita Bi Mhuri kwa sababu mhuri haumtoki mkononi. Barua ina mistari sita. Wa nne unasema kwamba mimi, baada ya miaka kumi na tisa, nilikuwa "mfanyakazi wa kawaida asiye na ujuzi."

Nikasoma mara mbili. Nikamwonyesha kwa kidole changu kisichokunjika. "Mama, hapa pana makosa."

"Hapana makosa. Ndiyo fomu iliyotoka makao makuu. Ina sehemu mbili tu: watu wa ofisi, na wasio na ujuzi."

"Na aliyeshona kola za mashati yenu yote?"

"Dada yangu, fomu haina kola."

Sikusaini. Nimetoka na karatasi yangu. Wifi aliingia baada yangu, na hata dakika mbili hazikwisha, katoka amesaini, anapepea barua kama feni. "Umesoma mstari wa nne?" nikamuuliza. Akasema kila mtu kasaini, yeye ni nani asisaini. Nikamwambia yeye ni mtu ambaye angesaini hata cheti chake cha kifo mradi peni ni ya Filimbi. Hatukusemezana hadi jioni.

Jumamosi, 6 Aprili

Baada ya kazi nilikwenda kwenye karakana ya sare, ile iliyo upande wa pili wa mji. Nimesikia wana oda kubwa ya sare za wauguzi na wanatafuta mafundi. Nilivuka madimbwi mpaka sketi ikaniganda magotini.

Mwenye karakana ni mzee mpole mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi. Aliigusa kola ya shati nililovaa, nililolishona mwenyewe, akaipindua, akatikisa kichwa kwa kuridhika. Halafu akaomba barua ya kazi niliyotoka. Nikampa. Uso wake ukabadilika.

"Mwanangu," akasema, "mimi nakuona kuwa wewe ni fundi. Lakini hii zabuni ni ya serikali. Kila anayekaa kwenye cherehani lazima awe na barua inayosema ni fundi. Kwa barua hii naweza kukupa ufagio tu."

Nikamwomba anijaribu, hapo hapo. Akasema angenijaribu mwezi mzima, wakaguzi bado wangeangalia karatasi. Aliniahidi atanishikia nafasi hadi mwisho wa Mei. Nafasi nyingine anazo pia, akasema, kama nina wenzangu wenye barua.

Kwa hiyo ni neno moja tu linalonizuia. Nina miaka arobaini na sita, mume wangu mgongo wake haumruhusu tena kuinama kushona viatu vya watu, na neno moja kwenye mstari wa nne limeninyima cherehani, limenipa ufagio. Sitafagia. Naandika hapa ili nisije nikajifanya nimesahau: sitafagia.

Alhamisi, 11 Aprili

Mvua, mvua, mvua. Paa linavuja juu ya namba ishirini. Wamemwekea dada anayekaa hapo ndoo mapajani na bado anashona.

Ijumaa, 19 Aprili

Filimbi ameniletea soda. Baridi, ya chupa, na mrija. Nikajua pana jambo.

Alikuwa na mashati matatu ya mfano kutoka kiwanda kile cha ng'ambo. Mishono imenyooka, mifuko safi, vifungo barabara. Lakini kola zote tatu zilikuwa zimejikunja kwenda juu. Nikazishika, nikajua papo hapo. Ninaposhona kona, kidole changu cha kati huwa chini ya kitambaa, kinakivuta kipande cha chini kidogo sana, kiasi cha unene wa kucha. Ndicho kinachoilaza kola. Kamera ilikuwa upande wa kushoto, juu. Hicho kidole haikukiona.

"Tatizo ni nini?" Filimbi akauliza.

"Ngoja niangalie vizuri," nikasema, nikainywa soda yake taratibu mpaka mwisho.

Jumatatu, 22 Aprili

Leo ni lazima niandike yote.

Waliniita chumba cha mikutano. Miaka kumi na tisa sijawahi kukikanyaga. Kina zulia, na kiti chake kinazunguka. Ukutani palikuwa na skrini kubwa, na kwenye skrini kile kiwanda, saa hii hii, watu wako kazini. Ukumbi mrefu, taa nyeupe, safu za wanawake. Mkalimani alikuwa sauti tu, mwanamume, anaongea lugha yetu polepole kama anaisoma.

Filimbi akasema, "Waambie waanze."

Wanawake wote wakachukua mikasi. Wakagonga mara mbili. Ko-ko. Safu nzima, arobaini au zaidi, kwa pamoja, kwenye mashine mpya kabisa zisizo na kibati kilicholegea. Halafu wote wakainua kidole kidogo cha kushoto, wakaanza kushona.

"Umeona?" Filimbi akaninong'oneza. "Wamefuata kila kitu."

Nikaangua kicheko. Sikuweza kujizuia, mbavu ziliniuma. Kumbe ubovu wa mashine na ulemavu wangu vimevuka bahari na kuwa somo! Filimbi naye akacheka, bila kujua anacheka nini.

Kisha nikamwona mmoja wa safu ya mbele, mwenye sweta la njano. Kidole chake kidogo kilikuwa kimefungwa kwa utepe na kijiti ili kisikunjike. Nikamuuliza mkalimani kwa nini amekifunga. Wakasemezana. Sauti ikarudi: "Anasema kinachoka. Msimamizi wao hupita akiangalia vidole."

Kicheko kikakauka, machozi yakanitoka mbele ya Filimbi, kitu ambacho nilikuwa nimeapa hakitatokea. Machozi yale yalikuwa ya hasira. Mwezi mzima nimewachukia hawa, nikidhani wamekaa huko wananisubiri nife wanirithi. Huyu mwanamke ana umri wa binti yangu, na amejifunga kijiti kidoleni kwa sababu yangu, na hakuna mtu hata mmoja aliyeona lazima kumweleza kwa nini. Yeye kaambiwa afuate. Naye nina hakika ana barua yake mahali fulani, na najua mstari wa nne unasemaje.

"Sasa waonyeshe kosa lao liko wapi," Filimbi akasema.

Nikamwambia kichwa kinaniuma. Nikaondoka, nikakiacha kiti kikizunguka.

Jumanne, 23 Aprili

Nimewapa Filimbi na Bi Mhuri maneno yangu wakiwa wamesimama pamoja mlangoni, ili wasije wakabadilishana hadithi. Nimesema: kola najua inavyolazwa, nitaonyesha. Lakini kwanza barua zetu ziandikwe upya, za laini yote ya tatu, kila mmoja iandikwe kazi anayoijua, fundi wa kola, fundi wa mifuko, fundi wa pasi, na mhuri juu yake.

"Unatuwekea masharti?" Filimbi akauliza.

"Ndiyo."

"Naweza kukufukuza leo."

"Mmeshanifukuza. Utanifukuza mara ngapi?"

Wenzangu walikuwa wanasikiliza, cherehani zimepungua sauti. Hakuna aliyeniunga mkono kwa neno. Wifi alikuwa ameinamia mfuko wake kama hanijui.

Alhamisi, 25 Aprili

Wamenitoa kwenye namba kumi na saba. Niko kwenye meza ya kukata nyuzi. Nakata nyuzi.

Ijumaa, 26 Aprili

Nakata nyuzi. Saa nne wifi kampelekea Filimbi chai.

Jumatatu, 29 Aprili

Bi Mhuri ameniita, kafunga mlango, kaweka barua mezani. Nyeupe, mpya, mhuri bado unang'aa. Imeandikwa Fundi Mkuu wa Kola, na jina langu lote bila kosa.

"Yako hiyo," akasema. "Onyesha tu hicho unachokijua, uichukue."

"Na wenzangu?"

"Wenzako wameshasaini. Hawajalalamika. Unawapigania watu waliokaa kimya."

Alisema kweli, na kweli hiyo ikaniingia. Niliigusa ile karatasi. Niliwaza karakana, mzee wa miwani, cherehani yangu mwenyewe. Naandika wazi hapa kwamba niliitaka hadi mate yakanijaa mdomoni. Nikasema nitafikiri.

Nyumbani mume wangu akasema, "Chukua, mke wangu. Dada yangu angekuwa wewe, angeshachukua." Nami nikaona ni kweli, wifi angechukua na kulamba bahasha.

Jumanne, 30 Aprili

Nilikuwa nimeamua kuichukua. Nimeandika hivyo ili iwe imeandikwa.

Nimerudi kutoka kazini, nimevua viatu, naona wifi anaingia, amelowa chapachapa, mwavuli umegeuka nje ndani. Hakusalimia. Akakaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, akasema, "Leo wameniita."

"Nani?"

"Filimbi na yule wa mihuri. Wamegundua kwamba ulinifundisha kola mwaka ule nilipoingia kiwandani. Wakaniwekea barua mezani. Fundi Mkuu wa Mifuko. Wakasema waonyeshe wewe, tuachane na yule mkaidi."

Wifi anajua kile kidole. Nilimkalisha pembeni yangu wiki mbili nikamfundisha mwenyewe. "Ukawaonyesha?"

Aliniangalia kama nimemtukania mama, ambaye ni mama mkwe wangu. "Niliwaambia, jamani wakubwa, mimi sina ujuzi. Nikawatolea barua yao. Nikasema someni wenyewe, mstari wa nne, na saini yangu hii hapa. Mimi mtu wa kawaida, nitajulia wapi kola?"

Mume wangu alicheka hadi akashika mgongo. Mimi sikucheka. Nilikuwa najuta kwamba neno lile sikulisema mimi, na najuta zaidi kwa yote niliyoyaandika kumhusu kwenye daftari hili.

"Na ile chai unayompelekea kila siku?" nikamuuliza.

"Ofisini kwake kuna ubao wa oda. Wewe unadhani nani aliyekuwa anawaambia wenzako wiki ipi ina kazi ya ziada? Malaika?" Akakamua kitambaa chake cha kichwa juu ya sakafu yangu niliyotoka kuipiga deki. "Nimesoma ubao leo. Mashati ya mwisho lazima yapande meli kabla ya tarehe kumi na tano, wakichelewa wanaikosa oda hapa na kule. Sasa wifi, umekaa kwenye nyuzi unajiona shujaa peke yako. Hukutuuliza. Ungetuuliza tungekujibu."

Nilimpa taulo. Kisha tukapanga, sisi wawili, na mume wangu akatuchemshia chai. Alhamisi.

Alhamisi, 2 Mei

Nitazeeka nikiisimulia siku hii.

Filimbi alipuliza kuanza. Watu thelathini na mmoja walikaa mahali pao pa kazi, mikono mapajani, na mimi kwenye meza yangu ya nyuzi. Kila mmoja barua yake ameibandika kwa pini kifuani. Kimya, mvua tu juu ya bati.

"Mnangoja nini?"

Dada wa vifungo akainua mkono kama mwanafunzi. "Bosi, samahani, uzi unapita wapi?"

"Nini?"

"Uzi. Kwenye hii mashine. Sijui unapita wapi. Sina ujuzi."

Dada wa ndoo wa namba ishirini akauliza shati mbele yake ni wapi na nyuma ni wapi. Mpiga pasi akataka kujua pasi hushikwa upande gani, isije ikamuunguza. Wifi alisimama, akakunja mikono kwa adabu, akasema, "Msimamizi wetu, tunakuomba utufundishe. Sisi ni watu wa kawaida. Tumesaini."

Filimbi akapuliza mpaka mishipa ikamtoka shingoni. Hakuna aliyegombana naye. Kila alipokwenda aliulizwa kwa upole. Mwisho akasema, kwa ghadhabu, "Kazi gani hii ya kumshinda mtu!" akakaa mwenyewe kwenye namba kumi na saba. Akachukua kola, akakanyaga. Hakugonga. Kibati kikainuka, sindano ikakatika, kipande kikaruka kikagonga kifungo cha shati lake.

"Hii mashine ina nini?" akapiga kelele.

Thelathini na wawili, kwa sauti moja, bila kupangwa: "Hatujui, bosi!"

Hata yeye nusura acheke, nilimwona.

Ijumaa, 3 Mei

Leo pia hatukuwa na ujuzi.

Jumatatu, 6 Mei

Bi Mhuri alikuja mwenyewe kwenye laini, na mashine ya kuchapa ikaletwa juu ya kigari, kwa sababu tulikataa kuingia ofisini mmoja mmoja. Alikaa kwenye kiti changu. Akamuuliza kila mtu, "Wewe unajua nini?" na kila mtu akamtajia, naye akaandika. Fomu ya makao makuu haikuwa na nafasi, kwa hiyo aliikata ile sehemu kwa mstari, akaandika pembeni, akapiga mhuri juu ya mkato. Kumbe ilikuwa inawezekana muda wote.

Dada wa ndoo alipoulizwa alishindwa kusema. Ana miaka ishirini na mitatu hapa, na hakuwahi kuulizwa. Wifi akamsemea: "Huyo ni fundi wa mikono ya shati. Na andika mvua haimzuii." Bi Mhuri aliandika la kwanza, la pili alilipita.

Nilizisoma zote thelathini na mbili kabla ya kuruhusu mtu aondoke. Ya kwangu ilikuwa ya mwisho. Safari hii haina neno Mkuu, nami silihitaji. Mchana tulipata ujuzi wetu wote ghafla, na mashati yakaanza kutembea.

Jumanne, 7 Mei

Ahadi ni yangu, nimeitimiza. Nimekwenda tena chumba cha zulia na barua yangu imekunjwa kifuani. Wifi alinifuata bila kuitwa, akasema amekuja kunishikia mkasi.

Niliomba kamera ya huku kwetu iwekwe chini, upande wa kulia. Nikaonyesha kidole cha kati kinavyovuta kitambaa, taratibu, mara tano. Yule wa sweta la njano alielewa mara ya pili. Akashona moja, akaigeuza, kola ikalala kama imelala yenyewe. Akaniangalia akicheka, na nikajikuta nacheka naye. Filimbi akapumua, akataka kuzima.

"Bado," nikasema. "Mkalimani, waambie kidole kidogo wakikunje. Changu kiliumia, ndiyo maana kiko hivyo. Na waambie wasigonge. Mashine yangu ndiyo mbovu, zao ni nzima."

Alitafsiri. Ukumbi ule ukanong'ona, safu hadi safu. Yule dada akakifungua kijiti, akakiweka mezani, akakisugua kidole.

"Sasa mwulize barua yake ya kazi inamwitaje."

Filimbi akasema, "Hilo halihusiki." Nikatoa barua yangu, nikaikunjua mbele ya kamera, nikaweka kidole chini ya neno. Hawasomi lugha yetu, lakini mkato unasomeka lugha yoyote, na mhuri juu yake. "Mkalimani," nikasema, "wewe pia ni mtu wa kazi. Yako inakuitaje?"

Halafu yule mwanamume akaanza kuongea lugha yao, polepole, maneno mengi kuliko niliyosema mimi. Nikaona vichwa vinainuka. Yule wa sweta la njano akauliza kitu.

"Anauliza," mkalimani akasema, "mlifanyaje?"

Filimbi aliurukia waya wa skrini. Wifi alikuwa amesimama juu yake, na wifi si mwanamke mwembamba. "Samahani, bosi," alisema, "sikujua kwamba ni waya."

Nilikuwa na sekunde chache. "Mwambie asubuhi moja wote tulisahau kushona," nikasema. "Mwambie tuliomba kufundishwa."

Mkalimani alitafsiri huku anacheka. Filimbi alimsukuma wifi, akang'oa waya. Lakini kabla skrini haijawa nyeusi, yule dada aliinua mkasi wake, akaniangalia, akagonga mashine yake nzima mara mbili. Kisha safu yake. Kisha ukumbi wote.

Jumatatu, 3 Juni

Mvua zimekwisha. Tumeanza kwenye karakana leo, mimi, wifi, dada wa ndoo na wengine sita, na wengine wanaitwa wiki ijayo. Wifi kampelekea mzee wa miwani chai saa nne kamili. Nimemwacha.

Cherehani niliyopewa ni nzuri, imetulia, kibati chake kimebana. Nilikata uzi, nikapanga kitambaa, nikagonga mara mbili kwa mkasi. Nyuma yangu nikasikia wifi naye anagonga.

Mzee akaja haraka, akainama kuangalia. "Ina nini hiyo mashine?"

"Haina kitu, mzee," nikamwambia. "Nasalimia watu."